Nchi Yenye Majina Mawili: Mashamba ya Mpunga ya Usangu na Mashauri Yake

Mtu akisimama Tunduma karibu na mpaka, mahali malori yanapongoja zamu ya kuvuka kwenda Zambia, hakosi kuona magunia ya mchele. Mengine yametoka kwetu Songwe, katika bonde la Momba na Kamsamba na sehemu zielekeazo ziwa Rukwa. Mengine yamekuja kwa barabara kuu kutoka mashariki, kutoka Igurusi, Chimala na Ubaruku, yaani kutoka nchi ya Usangu, ambayo ndiyo wilaya ya Mbarali. Mwenye duka humwambia mnunuzi mchele huu ni wa wapi, naye mnunuzi hutia punje chache kinywani, akatafuna, ndipo akubali bei. Lakini hakuna amwulizaye mwenye duka kama shamba lililouzaa mchele ule ni shamba kweli kwa mujibu wa sheria, ama ni hifadhi ya wanyama. Na swali hilo ndilo lililowapeleka watu mahakamani, likawaweka wengine miaka kumi na mitano bila kujua kama waezeke nyumba zao kwa bati au wangoje.

Wasomaji wetu wa Tunduma, Vwawa na Mbozi wasidhani ya kuwa twawaletea habari za ugenini. Mpaka mwaka 2016 Songwe ilikuwa sehemu ya Mkoa wa Mbeya, na Mbarali ilikuwa ndugu yetu wa nyumba moja. Tena wafugaji waliofukuzwa Usangu walitawanyika katika nchi nyingi, na jirani zake wote wakaisikia habari hiyo.

Kwanza yatupasa kueleza shauri hili ni la namna gani, maana si kama mashauri ya mashamba tuliyoyazoea. Watu wawili wakigombania jaruba, kila mmoja huleta wazee wake. Mzee huyu huonyesha mfereji uliochimbwa na baba yake, yule huonyesha mwembe uliopandwa na babu yake. Baraza hutazama, hupima maneno, hukata shauri. Katika shauri la Usangu wazee hawana la kufanya. Hakuna asemaye kwamba mkulima hakulima, wala kwamba mpunga haukuota. Linaloulizwa ni hili: ardhi ile imeandikwa katika fungu gani? Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote mbili za mwaka 1999, zimeigawa ardhi ya Tanzania Bara katika mafungu matatu, yaani ardhi ya jumla, ardhi ya kijiji, na ardhi ya hifadhi. Udongo ni ule ule, maji ni yale yale, lakini jembe liingialo katika ardhi ya kijiji ni kazi njema, na jembe lile lile likiingia katika hifadhi ya taifa ni kosa la jinai.

Usangu ni uwanda mpana chini ya milima ya Uporoto na Kipengere. Mito mingi hushuka kutoka milimani, kama Mbarali, Kimani, Chimala na Ndembera, ikakutana uwandani na kuwa mto mmoja, Ruaha Mkuu. Kabla ya kutoka Usangu maji hayo hutandaa katika kinamasi kikubwa kiitwacho Ihefu. Mwisho wa Ihefu, mahali paitwapo Ng'iriama, uko ukingo wa mwamba uliopita katika njia ya maji kama kizingiti cha mlango. Maji ya kinamasi yakiwa juu ya kizingiti hiki, mto huendelea kwenda Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, kisha Mtera na Kidatu, na mwisho wake Rufiji na bahari. Maji yakishuka chini ya kizingiti, hata kwa shubiri moja, mto hukatika, ingawa Ihefu yenyewe bado ina maji na viboko. Twamwomba msomaji akiweke kizingiti hiki katika moyo wake, maana sehemu kubwa ya mambo tutakayoyasimulia ilianzia hapo.

Wenyeji wa uwanda huu ni Wasangu, watu wa Mtemi Merere, waliopigana sana na Wahehe katika karne ya 19 hata wakahamishwa kwao, wakakaa Usafwa. Wadachi walipoivunja ngome ya Mkwawa huko Kalenga mwaka 1894, Wasangu wakapata njia ya kurudi. Wakati ule Usangu ilijulikana kwa ng'ombe kuliko kwa mpunga. Kilimo cha mpunga kwa mifereji kilipata nguvu wakati wa utawala wa Waingereza, na sifa nyingi zawaendea Mabulushi, watu waliotoka pande za Uajemi na Makrani wakafanya maskani karibu na Rujewa. Wao walijua kuyaongoza maji kwa mtelemko mdogo mno, elimu ambayo katika nchi yao ya jangwa ilikuwa uhai wenyewe. Wenyeji wakaitazama kazi yao, wakaiga. Baadaye wakaja Wanyakyusa, Wasafwa, Wabena, Wakinga na wengineo, kila mmoja akitafuta kipande cha kuchimba jaruba.

Serikali nayo ilipenda mpunga. Mwaka 1961, mwaka ule ule wa uhuru, Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa lilitoa taarifa kubwa juu ya bonde lote la Rufiji, na Usangu ikahesabiwa miongoni mwa mahali pafaapo kumwagiliwa maji. Katika miaka ya 1970 Wachina wakasaidia kujenga shamba la Mbarali, lenye zaidi ya hekta 3,000 za majaruba, likawekwa chini ya Shirika la Kilimo na Chakula la Taifa, NAFCO. Shamba la Kapunga likafuata, likamalizika mwanzoni mwa miaka ya 1990. Wakulima wadogo wakajenga mabanio yao kandokando ya mito, kwanza ya miti na majani na udongo, baadaye ya saruji. Kufika mwisho wa karne ile majaruba ya Usangu yalikuwa kati ya hekta 20,000 na 40,000, kwa kadiri ya mvua ya mwaka. Kwa hiyo upo msururu mrefu wa karatasi za Serikali uliouita uwanda huu nchi ya mpunga.

Ulikuwapo msururu wa pili, nao haukujuana na wa kwanza. Wadachi walikwisha kutenga pori la wanyama upande wa kaskazini mwaka 1910. Waingereza wakalifanya Pori la Akiba la Rungwa mwaka 1946. Na mwaka 1964 sehemu yake ya kusini ikawa Hifadhi ya Taifa ya Ruaha. Vinamasi vya Usangu vyenyewe viliandikwa pori tengefu tangu miaka ya 1950. Wengi wetu husikia neno hilo wakadhani ni sawa na hifadhi, lakini kwa sheria ya zamani sivyo. Katika pori tengefu la siku zile kilichozuiliwa ni kuwinda bila kibali tu. Mtu aliweza kujenga, kulima, na kuchunga ng'ombe bila kuvunja amri yoyote. Mkulima alikaa ndani ya pori tengefu maisha yake yote bila kulisikia jina lake, kwa sababu jina halikumgusa. Mwaka 1998 vinamasi na mbuga zilizovizunguka vikapandishwa cheo, vikawa Pori la Akiba la Usangu, na hapo amri ikabadilika kabisa, maana katika pori la akiba mtu haruhusiwi kukaa wala kulima wala kulisha. Karatasi ilibadilika kwa neno moja, kutoka tengefu kuwa akiba; nyumba zilibaki pale pale.

Kwa nini Serikali ilifanya hivyo? Turudi kwenye kizingiti cha Ng'iriama. Wakati wa kiangazi cha mwaka 1993 Mto Ruaha Mkuu ulikauka ndani ya hifadhi, na tangu hapo ukawa unakauka kila mwaka kwa majuma au miezi. Viboko walisongamana katika madimbwi, samaki wakafa. Miaka hiyo hiyo mabwawa ya Mtera na Kidatu yalipungukiwa maji, umeme ukakatika nchi nzima, na watu wa mijini waliokaa gizani wakataka kujua nani aliyeyanywa maji. Jibu lilipatikana upesi: watu wa Usangu. Mwezi wa Machi 2001 Waziri Mkuu Frederick Sumaye alitoa ahadi huko London ya kuwa ifikapo mwaka 2010 Ruaha itatiririka tena mwaka mzima.

Wataalamu waliotumwa kuchunguza Usangu tangu 1998 hata 2004 walileta habari zisizopendeza upande wowote. Walisema ukame wa mto wakati wa kiangazi watoka hasa katika mabanio, yanayoachwa wazi hata baada ya mavuno, ili maji yafike vijijini kwa matumizi ya nyumbani na kwa vitalu vya miche ya mapema. Mengi hupotea njiani. Basi mkulima wa mpunga hawezi kujitoa kabisa katika lawama, nasi hatutaki kumtoa. Walakini walisema pia kwamba upungufu wa umeme haukusababishwa na Usangu kama ilivyonenwa, bali zaidi na jinsi mabwawa yenyewe yalivyotumiwa. Na ng'ombe, walioshutumiwa kuliko wote, hawakuonekana kuwa ndio waliokausha mto. Habari hizi zilichapwa, zikasomwa na wachache.

Mwaka 2006 amri ikatoka ya kuwaondoa wafugaji. Wasukuma, Wamasai, Wabarabaig na wengine wakafukuzwa na mifugo yao, wengi wakaelekezwa Lindi, mwendo wa mamia ya maili. Ng'ombe wengi walikufa njiani, na malalamiko yakawa makubwa hata Rais Jakaya Kikwete akaunda tume chini ya Jaji Othman Chande mwaka 2007. Kisha, mwezi wa Machi 2008, likatoka Tangazo la Serikali namba 28. Kwa tangazo hilo Pori la Akiba la Usangu likaunganishwa na Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, hifadhi ikafika kilometa za mraba 20,226, ikawa kubwa kuliko zote katika Tanzania kwa wakati ule. Walakini mstari uliochorwa haukufuata pori la akiba peke yake. Ulipita nje yake, ukakumba vijiji na vitongoji na majaruba ya watu.

Hapa ndipo nchi moja ilipopata majina mawili. Vijiji vile vilikuwa vimeandikishwa na Serikali, vina hati zao, vina wenyeviti waliochaguliwa. Ndani yake zilikuwamo shule zenye waalimu waliotumwa na kulipwa na Serikali. Watu walipiga kura pale, walilipa ushuru wa mpunga pale. Na kwa karatasi nyingine ya Serikali hiyo hiyo, mahali pale palikuwa hifadhi ya taifa, ambamo kuwako kwa mtoto shuleni kulikuwa kosa. Sisi tulio waalimu twaona jambo hili kuwa gumu kuliko mengine yote. Mwalimu aliyefundisha katika shule kama ile, akiandika ubaoni jina la kijiji, alikuwa ameandika nini?

Sheria haikukosa kusema jinsi ya kubadili jina la ardhi. Sheria ya Ardhi ya Vijiji yasema kwamba Rais akitaka kuihamisha ardhi ya kijiji iwe ya hifadhi, itangazwe katika Gazeti la Serikali, halmashauri ya kijiji ipelekewe habari, siku zisizopungua tisini zipite, na watu wapate nafasi ya kunena. Eneo likiwa chini ya hekta 250, mkutano wa kijiji wenyewe ndio ukubalio au ukataao. Likizidi hapo, ni kazi ya Waziri. Tena ardhi isihame kabla watu hawajapatana juu ya fidia, aina yake, kiasi chake na wakati wa kulipwa. Sheria ya Hifadhi za Taifa, iliyo ya zamani kuliko hiyo, yataka kibali cha Bunge. Lakini hifadhi ikisha kutangazwa, haki zote za watu binafsi juu ya ardhi ile zimekufa. Basi msomaji ataona uzito wa utaratibu: yote ya mkulima yamo katika hatua zile za kwanza. Zikirukwa, au zikifanywa juu juu, hakuna kilichobaki cha kuokoa.

Serikali ilikuwa na maneno yake, nayo hayakuwa ya kipuuzi. Ilisema kwamba pori lilikwisha kuwapo tangu 1998, kwamba wengi waliingia baadaye, kwamba baadhi walilipwa fidia wakahama, na kwamba mto ni wa taifa zima. Wanakijiji walijibu kwamba walikuwapo kabla ya mstari, kwamba wengine hawakulipwa au walilipwa kidogo, na kwamba habari za tangazo walizipata siku vigingi vya mipaka vilipoletwa.

Tutoke kidogo Usangu, twende Bara Hindi, maana huko mwaka ule ule wa 2008 jambo la namna hii lilitokea kwa kinyume chake. Jimbo la Kerala lilikuwa na hekta karibu 880,000 za mpunga katikati ya miaka ya 1970. Hata kufika 2008 zilikuwa zimebaki kama robo tu. Watu walijaza majaruba udongo wakajenga nyumba kwa fedha zilizoletwa na ndugu zao waliofanya kazi nchi za Ghuba. Ndipo Serikali ya Kerala ikatunga sheria ya kuhifadhi mashamba ya mpunga na vinamasi, ikaanza kutumika tarehe 12 Agosti 2008. Kamati ya kila mahali, yenye afisa wa kilimo na wakulima wenyewe, ikaamriwa kuandika daftari la mashamba yote ya mpunga. Na shamba lililoandikwa humo lisijazwe udongo tena. Tangu hapo mahakama kuu ya jimbo hilo imejaa mashauri ya watu wasemao: kiwanja changu kimeandikwa mpunga kwa kosa, kilikwisha kauka zamani, kina minazi. Afisa hukataa, mtu huenda mahakamani, mahakama mara nyingi huirudisha kazi kwa afisa, ikimwuliza kama alikwenda kuliona shamba kwa macho yake, au kama alitazama picha zilizopigwa kutoka angani. Na swali la mahakama ni moja: siku ile, tarehe 12 Agosti 2008, ardhi hii ilikuwa na hali gani, nayo ilifaa kwa mpunga au haikufaa?

Kwao karatasi iliulinda mpunga na nyumba. Kwetu karatasi iliilinda mbuga na mpunga. Hatusemi ya kuwa Wahindi wamefaulu, maana wako wanaolalamika huko kwamba daftari limewafunga maskini na kuwaacha matajiri. Lakini jambo moja twalitamani kutoka kwao, nalo ni ile desturi ya kuuliza ardhi ilikuwa na hali gani siku sheria ilipoifikia. Katika Usangu swali hilo laweza kujibiwa. Picha za angani za miaka mingi zipo, na jaruba, kwa mistari yake, halifichiki.

Mahakama za Tanzania zilikwisha kupita njia karibu na hiyo. Katika miaka ya 1980 kijiji cha Mulbadaw, katika nchi ya Hanang, kiliishtaki NAFCO, shirika lile lile la Mbarali na Kapunga, juu ya ardhi iliyofanywa mashamba ya ngano. Mahakama Kuu ikawapa wanakijiji haki. Mahakama ya Rufani ikaitengua hukumu, ikisema kijiji hakikuthibitisha umiliki wake. Hukumu ile iliwavunja moyo watu wengi. Mwezi wa Desemba 1994 ikaja nyingine, ya baba mmoja na mwanawe kutoka upande wa Karatu. Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali ikasema ya kuwa haki ya kutumia ardhi kwa mila ni mali halisi, yalindwa na Katiba, na mtu asinyang'anywe bila fidia ya haki. Ikasema pia kwamba ardhi isiyo na kitu juu yake nayo ina thamani, ikiwa mtu ametia kazi yake ndani. Tunaona maneno hayo yalimfaa sana mchimba mifereji, maana kazi yake yote imo ardhini, haionekani kama nyumba ionekanavyo.

Walakini haki ya namna hii ina mlango mwembamba. Atakaye Mahakama Kuu ipitie amri ya Serikali, kwa kanuni za mwaka 2014, sharti aombe ruhusa ndani ya miezi sita tangu amri ilipotolewa. Na atakaye kuishtaki Serikali kwa madai ya kawaida sharti aipe kwanza taarifa ya siku tisini. Kwa mtu wa mjini mwenye wakili, miezi sita ni muda wa kutosha. Kwa kijiji ambacho Gazeti la Serikali halifiki, na kigingi chaja baada ya miaka kadhaa, ni kama mlango uliofungwa kabla ya mgeni kujua ya kuwa nyumba ipo. Na hata ashindaye aweza kukuta ushindi wake umepitwa. Mwezi wa Septemba 2023 Mahakama Kuu ya Arusha ilibatilisha tangazo lililoifanya sehemu ya Loliondo kuwa pori tengefu, kwa kuwa watu hawakushauriwa kama sheria itakavyo. Lakini tangu Oktoba 2022 lilikwisha kutoka tangazo jingine, likiiita ardhi ile pori la akiba.

Hata mpunga dhidi ya mpunga ulileta shauri la majina. Kapunga ilipouzwa kwa watu binafsi mwaka 2006, hati iliandikwa hekta 7,370. Wanakijiji wa Kapunga wakasema ndani ya hesabu hiyo zimo hekta 1,870 zilizo ardhi ya kijiji, zenye nyumba zao na mashamba yao, zikauzwa pamoja na shamba kama mbuzi auzwaye pamoja na kamba yake. Ugomvi ulidumu miaka mingi, na mwisho Serikali yenyewe ikakiri ya kuwa kosa lilifanyika, ikaamuru hekta zile zirudi kijijini. Twalitaja jambo hili kwa sababu laonyesha kwamba kosa la mwandishi wa hati laweza kukaa likaonekana kuwa kweli, mpaka mtu apige kelele vya kutosha.

Mwezi wa Januari 2019 Rais John Magufuli alisimamisha kuondolewa kwa vijiji 366 vilivyosemekana kuwa ndani ya hifadhi katika nchi nzima, akaweka kamati ya mawaziri wanane kulitazama jambo hilo; baadaye vijiji vilivyochunguzwa vikafika 975, na vilivyo vingi vikaruhusiwa kubaki. Watu wa Mbarali wakangoja kwa matumaini. Mwezi wa Oktoba 2022 jibu lao likaja: vijiji vitano, pamoja na Luhanga, Madundasi na Iyala, na vitongoji 47 vya vijiji vingine, viondoke. Hapo wakulima zaidi ya mia nane wakaenda Mahakama Kuu huko Mbeya mwaka 2023. Mashauri yakiwa katika hali hiyo, mwezi wa Oktoba 2023 likatoka Tangazo namba 754, likichora mipaka mipya ya Hifadhi ya Ruaha. Kwa tangazo hilo sehemu ya ardhi ilirudishwa kwa wananchi, na mahali pengine mstari ulithibitishwa. Kwa hiyo yule aliyelalamikia namba 28 alijikuta imempasa kuanza kusoma namba 754.

Sisi hatutaki kumhukumu hakimu, wala hatusemi ya kuwa mto uachwe ufe. Tumekwisha kusema kwamba mabanio yanayoachwa wazi wakati wa kiangazi ni jambo baya, na linaweza kutengenezwa kwa malango ya chuma na makubaliano ya zamu, bila kumwondoa mtu nyumbani mwake. Tunalosema ni kwamba kati ya 2008 na 2023 watoto walizaliwa, wakasoma, wakamaliza darasa la saba, katika nchi ambayo Serikali yenyewe haikuwa imekata shauri iitweje. Mkulima wa nchi hiyo hakopeshwi, maana hana hati ya kuweka rehani. Hachimbi mfereji wa saruji, maana huenda akaubomoa mwakani. Hulima kwa pupa, msimu kwa msimu, na ulimaji wa pupa ndio uharibuo maji. Basi jina la pili, lililotolewa kwa ajili ya kuuokoa mto, kwa miaka hiyo kumi na mitano huenda liliudhuru.

Fedha za kuiendeleza hifadhi zilitoka kwa Benki ya Dunia, iliyokubali mwaka 2017 kukopesha dola milioni 150 kwa ajili ya utalii wa nchi za kusini. Wanakijiji waliposhindwa kufunguliwa mlango mmoja, wakabisha mwingine: mwaka 2023 malalamiko yao yakafika kwa wakaguzi wa Benki hiyo huko Washington, nao wakaja Mbarali kuangalia. Mwezi wa Aprili 2024 Benki ikasimamisha utoaji wa fedha, na mwezi wa Novemba mwaka huo mradi ukafutwa kabla ya wakati wake. Mwezi wa Aprili 2025 wakuu wa Benki wakapitisha mpango wa kuwasaidia watu waliodhurika. Mpango huo wahusu maisha na riziki za watu. Mipaka haimo ndani yake, maana mipaka ya hifadhi huwekwa Dodoma, katika Gazeti la Serikali.

Mvua za kwanza zikinyesha katika milima ya Uporoto, maji huchukua siku chache tu kufika uwandani, na vitalu vya miche huanza kumwagiliwa. Miche hukaa kitaluni majuma matatu au manne, kisha hung'olewa na kupandikizwa jarubani, watu wakiwa wameinama safu kwa safu katika maji ya kufika muundi. Baadhi ya majaruba hayo yako upande huu wa kigingi, na mengine upande wa pili.